Ukiitwa shoga kwenye komenti usikimbilie kujithibitisha

Siku hizi hapa Lamu vijana barazani wanaitana alfa na simpu, maneno ya vidio za TikTok hayo, alfa ni dume la kutawala wenzake, na simpu ni yule aliyembebea mkewe kikapu cha sokoni, basi.

Mpwa wangu anashona kofia za mkono, kofia moja miezi, na ni kazi ambayo wanaume wa hapa wameifanya tangu zamani, unawaona wazee barazani na sindano zao wanapiga soga na hakuna anayewauliza kitu. Kaweka picha mtandaoni atafute wateja, komenti zikajaa "shoga wewe", "kazi ya wanawake hiyo". Akaja kuniuliza, mjomba nifute? Nikamwambia usifute, weka na bei.

Hiyo alfa yenyewe imetoka kwa mbwa mwitu jamani! Mwaka 1947 mtafiti Rudolph Schenkel aliandika kuhusu mbwa mwitu waliofungiwa zuu ya Basel huko Uswisi, wamekusanywa pamoja hawana pa kwenda, lazima wagombane nani awe mkubwa. Mtafiti David Mech wa Marekani akaieneza habari hiyo kwa kitabu chake cha 1970, halafu akaenda kuwafuata porini Kanada na 1999 akaandika kwamba kundi la kawaida ni baba, mama na watoto wao tu. Sasa wewe unafundishwa kumdharau mkeo kwa habari ambayo mwenyewe alishaisahihisha.

Ukitukanwa usijibu kwa kuposti picha ya msichana ili watu wajue wewe dume. Hili linaniuma sana, manake mji wetu mdogo, picha ikishazunguka WhatsApp ni yule binti anayesemwa, wewe unapigiwa makofi. Wala usimgeuzie mwenzako tusi lile lile. Na kama kuna kijana mtaani ambaye ni hivyo kweli, maneno hayo ndo yanamfanya aogope hata kukaa na watu, na ni mtoto wa mtu, ni jirani yako.

Wajomba na mababa, msiwanyang'anye simu, wataangalia ya rafiki. Kaa naye muangalie hiyo vidio pamoja, muulize huyu anauza nini, manake wengi mwisho wake kuna kozi ya kulipia, kisha mwonyeshe pa kubonyeza ili zisimletee tena za aina hiyo, na ukienda kazini siku ya pili mchukue.