Mzee wa Ziwa Anajibu: Sulkava ni wapi, na wanaishije ziwa likiganda?

SWALI: Shikamoo mzee wetu. Mdogo wangu yuko masomoni Finland. Julai alitutumia picha za mashindano ya makasia mahali panaitwa Sulkava, watu kumi na watano ndani ya chombo kimoja kirefu. Anasema ni shamba kabisa, visiwa vingi na watu wachache, lakini wana halmashauri yao. Sisi wa huku kusini tunaijua adha ya kuwa mbali na makao makuu. Wenzetu waliwezaje? Na ziwa likiganda wanakula nini?
Msomaji, Kalya, Uvinza

JIBU: Marahaba mwanangu. Swali lako limenifurahisha, maana Sulkava nimefika.

Utafiti mkubwa wa samaki wa Ziwa Tanganyika, ule wa FAO, shirika la chakula na kilimo la Umoja wa Mataifa, uliolipiwa na Finland, ulianza mwaka 1992, nami nilikuwa miongoni mwa vijana wa boti hapa Kigoma. Wataalamu wake wengi walitoka Chuo Kikuu cha Kuopio, Finland. Baadaye nilipelekwa huko kwa mafunzo, na mwenzangu mmoja akanichukua hadi kwao Sulkava. Ilikuwa Machi.

Sulkava iko kusini mashariki mwa Finland, kwenye ziwa Saimaa. Saimaa ndilo ziwa lao kubwa kuliko yote, kilomita za mraba 4,400 hivi, na letu ni zaidi ya mara saba ya hilo. Lakini usilifikirie kama maji yetu, ambapo ukisimama Ujiji unaona Kongo ng'ambo na katikati hakuna kitu. Saimaa lina maelfu ya visiwa, maji yanajipenyeza kila upande, na mgeni hajui hapa ni kisiwa au bara. Karibu robo ya eneo la Sulkava ni maji.

Watu wamekaa hapo tangu zamani sana. Humo Sulkava, mahali paitwapo Pisamalahti, kuna mlima wa mwamba wenye mabaki ya kuta za mawe, ngome ya enzi za kabla ya kanisa. Waliokuja baadaye, Wasavo, walifyeka msitu, wakauchoma, wakapanda nafaka ya rai kwenye majivu. Ardhi ikichoka wanahamia kwingine. Ndiyo maana nyumba zao zilitawanyika, moja huku ufukweni, nyingine kule kisiwani.

Sasa jibu la swali lako. Kilichowakusanya watu hao ni kanisa, na kilichowafikisha kanisani ni makasia. Nchi ilikuwa chini ya Sweden, na sheria ya kanisa ya mwaka 1686 ilimtaka kila mtu ajue kusoma mafundisho ya dini. Jumapili watu wanatakiwa ibadani, barabara hakuna. Basi nyumba kadhaa zinachanga mbao za msonobari, misumari na lami, zinaunda mtumbwi mmoja mrefu wa kanisa. Kila nyumba inajua nafasi yake ndani ya chombo na inatoa mpiga kasia wake. Wazee na watoto wanaketi katikati. Wakati wa kurudi vijana wa kijiji hiki wanawakimbiza wa kijiji kile, na mashindano uliyoyaona kwenye picha mzizi wake ni huo. Ya Sulkava yalianza mwaka 1968, wanazunguka kisiwa cha Partalansaari, kilomita kama 60, wapiga makasia kumi na wanne na mshika usukani mmoja.

Mwaka 1865 ikatoka sheria iliyotenganisha utawala wa vijijini na kanisa. Kwa sehemu kubwa mipaka ya usharika ndiyo ikawa mipaka ya halmashauri. Kwa hiyo, mwanangu, hakuna aliyekaa mezani na rula akawagawia eneo. Watu walikuwa wameshazoea kukutana, kuzika pamoja na kugawana gharama, na serikali ikaja juu ya mazoea hayo. Mimi naliona hilo kuwa jambo kubwa. Sisi ziwa tunalihesabu kama umbali, tunasema Kalya ni mbali kwa sababu ya maji, wakati kwao maji ndiyo yalikuwa barabara.

Usidhani walikula raha. Miaka miwili baada ya sheria hiyo, 1867, barafu ilikaa kwenye maziwa hadi Juni. Mazao yakashindwa, watu wakasaga maganda ya ndani ya msonobari na kuchanganya kwenye mkate. Katika njaa ile ya 1866 hadi 1868 Finland ilipoteza karibu mtu mmoja kati ya kila kumi na wawili. Na baada ya vita na Urusi, Wakarelia, watu wa mpakani mashariki, zaidi ya 400,000 waliokuwa wamepoteza makazi yao walihamishiwa sehemu nyingine za nchi, na sheria ya mwaka 1945 ikawakatia mashamba kutoka kwa wenyeji. Watu wa Kigoma, tuliopokea wakimbizi miaka yote hii, tunaelewa uzito wa jambo hilo.

Leo Sulkava haina hata watu 3,000. Vijana wanakwenda mijini. Kerimäki, halmashauri ya mkoa huohuo, iliunganishwa na mji wa Savonlinna mwaka 2013. Sulkava bado inajitegemea.

Na barafu? Wanavua chini yake. Wanatoboa matundu kwa mstari, wanasukuma mti mrefu wenye kamba kutoka tundu hadi tundu, kisha kamba inavuta wavu. Niliushika wavu ule ukitoka majini. Kabla sijaukunja ulikuwa umekakamaa kama waya, na samaki waliokuwa wakirukaruka wakanyamaza palepale juu ya theluji. Ni muikku, samaki mdogo wa fedha. Wanamviringisha kwenye unga wa rai, wanamkaanga kwa siagi, analiwa na kichwa chake. Mla dagaa hahitaji kufundishwa.

SWALI: Kwenye ziwa hilohilo kuna mnyama wa baharini kweli? Na je, wavuvi wa huko nao hufungiwa ziwa kama sisi?
Mvuvi, Katonga

JIBU: Kweli, ndugu yangu. Ni sili wa Saimaa, mnyama wa majini mwenye mapezi na anayenyonyesha, aliyebaki humo bahari ilipojitenga baada ya enzi ya barafu, na hapatikani kwingine popote duniani. Wamebaki kama mia tano tu. Jike huzaa Februari na Machi ndani ya pango la theluji ufukweni, na theluji ikiwa haba watu hujitolea kumrundikia kwa majembe. Nyavu ndizo zilizokuwa zikiwaua watoto wake, kwa hiyo katika maeneo anamoishi zimekuwa zikipigwa marufuku kuanzia 15 Aprili hadi 30 Juni. Kwetu mwaka 2024 ziwa lilifungwa kuanzia 15 Mei hadi 15 Agosti ili samaki wazaliane. Tofauti ni kwamba kule mtu bado anaweza kuvua kwa ndoana.