Maswali na majibu: Herufi za kitabu cha babu zinatoboa karatasi

SWALI: Shikamoo mwalimu. Marehemu babu yangu alikuwa mwandishi wa kombe (dua inayoandikwa ikayeyushwa kwa maji, mgonjwa akanywa) na hirizi. Ametuachia kitabu cha mkono cha dua, falaki na dawa, kwa herufi za Kiarabu. Karatasi bado ni ngumu, lakini penye maandishi inakatika kana kwamba herufi zimeungua, na nyuma ya ukurasa pana alama za kahawia. Mtu anayejiita mtaalamu anasema ni uzito wa maneno, nimlipe ayafunge. Kijana wa steshenari anasema nilamineti ukurasa mmoja mmoja. Nifanye nini?
Msomaji, Tanga

JIBU: Marahaba. Huyo wa kwanza usimpe hata senti, na wa pili usimpelekee hata ukurasa mmoja.

Kinachokula karatasi ni wino. Wino wa masizi na gundi ya mgunga hubaki mweusi miaka na miaka wala haudhuru karatasi. Wino uliochanganywa tanini, ule ukali unaotoka kwenye magome na mimea, na chumvi ya chuma ni jambo jingine. Huanza mweusi ukageuka kahawia, huzalisha asidi, na chuma kilichomo huendelea kuozesha nyuzi za karatasi hata baada ya mwandishi kufariki. Dalili ulizoeleza ndizo zake. Ukitaka kuhakikisha, tafuta ukurasa ambao babu aliandika madeni au tarehe ya kuzaliwa mtoto. Kama ni wino ule ule na karatasi ile ile, hapo nako kutakuwa kunaoza. Deni la pishi mbili za mchele lina uzito gani wa kutoboa karatasi? Babu yako, Mungu amrehemu, aliijua kazi yake, na inaniuma kuona watu wanaichuma fedha kwa kuwatisha wajukuu.

Sasa hilo la kulamineti, maana ndilo ninaloletewa kila mara likiwa limeshatendeka. Watu wanaamini plastiki inahifadhi. Mashine ile huyeyusha gundi kwa joto linalopita la maji yanayochemka, gundi ikazama ndani ya nyuzi. Asidi iliyokuwamo hubaki humo humo, na joto lenyewe huizeesha karatasi kwa dakika moja. Ukurasa unang'aa, mwenye nao anafurahi, na ndani uozo unaendelea pasipo mtu kuweza kuufikia. Hata wataalamu waliwahi kudanganyika: kuanzia miaka ya 1930 huko Marekani, William Barrow alieneza njia ya kufunika nyaraka kwa plastiki ya asetati, na hifadhi nyingi zikaifuata. Leo mafundi wanatumia kemikali na muda mwingi kuibandua. Kama waliokuwa na maabara yaliwafika hayo, mashine ya steshenari itakuokoa vipi?

Selotepu ni ndugu yake. Gundi yake hugeuka manjano, hupenya, na kuacha doa lisilotoka. Maji pia usiyakaribie, hata kitambaa kibichi. Maji husambaza asidi hadi sehemu zilizo salama, na huenda babu alitumia zafarani kwenye baadhi ya kurasa. Huo ni wino wa kombe, hutengenezwa makusudi uyeyuke, mgonjwa anywe. Ukiupangusa umekwisha.

Cha kufanya ni hiki. Piga picha kila ukurasa kwa simu, karibu na dirisha, bila flashi, kabla ya jambo jingine lolote. Usikilazimishe kitabu kulala wazi. Kiegemeze kwenye mito miwili. Ukurasa uliovunjika weka vipande vyake pamoja kati ya karatasi safi nyeupe, usigandishe. Kifunge kwa bafta iliyofuliwa ikasuuzwa vizuri, ukiweke ndani ya boksi la kadi, juu ya rafu, mbali na ukuta wa nje na jua. Mfuko wa plastiki hapana, maana unyevu wa pwani hunaswa ndani na kuvu huanza. Kisha wasiliana na Nyaraka za Taifa Zanzibar, ambako kuna hati nyingi za Kiarabu, au Taasisi ya Taaluma za Kiswahili pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Usiogope kwamba watakinyang'anya. Miswada ya Msikiti wa Riyadha, Lamu, ilipigwa picha kwa msaada wa mpango wa Maktaba ya Uingereza, na vitabu vyenyewe vikabaki Lamu.

Na ninyi mliokwisha kulamineti, msijaribu kubandua kwa pasi, kiwembe wala petroli kama wanavyoelekezana watu. Wino hutoka pamoja na plastiki. Wekeni gizani, palipo pakavu, na msikate kingo zile za plastiki, kwani fundi akija kuufungua ukurasa huanzia hapo.