Kwa nini mashimo ya Titan II yalilipuliwa

Ndugu, umeuliza kwa nini Marekani ililipua mashimo ya makombora yake ya nyuklia ya Titan II badala ya kuyafunga tu. Kufuli, kwa maoni yangu, lisingemshawishi hasimu yeyote kwamba shimo halitatumika tena. Makombora hayo, ambayo awali yalikuwa 54 na yalitumia mafuta ya kimiminika yenye sumu kali, yaliondolewa kati ya 1982 na 1987. Vifaa vyenye thamani viling'olewa, sehemu ya juu ya shimo ikabomolewa kwa vilipuzi, kisha kifusi kikaachwa wazi kwa muda ili satelaiti za Umoja wa Kisovieti zijionee zenyewe kabla ya kufukiwa. Shimo moja tu, karibu na mji wa Tucson, Arizona, lilibakizwa kuwa makumbusho, na mlango wake mzito umezuiwa usifunguke zaidi ya nusu.