Jibu: Benki inataka kuuza nyumba yangu ya Nkuhungu

Pole sana dada. Umeuliza kama mahakama inaweza kusimamisha mnada wakati bado unaongea na benki. Inaweza, kwa zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha mnada kesi ikisubiri kusikilizwa, ila kukwama kifedha peke yake hakutoshi. Itazame vizuri notisi ya deni uliyopewa na benki: kifungu cha 127 cha Sheria ya Ardhi ya Tanzania kinakupa siku 60 tangu uipokee kabla benki haijaweza kuuza. Na mumeo, alisaini kuridhia nyumba iwekwe rehani? Bila hiyo, rehani ya nyumba ya familia ina kasoro kubwa.

Mimi nilipodaiwa niliwapelekea benki barua ya kuomba kupanga upya marejesho, nikaambatisha risiti za alizeti niliyouza Kibaigwa. Nakala yangu wakaigonga muhuri. Karatasi ile ilinisaidia mno. Mkielewana kesi ikiwa mahakamani, makubaliano yasajiliwe yawe amri ya mahakama. Muone wakili wiki hii, dada yangu.