Mwaloni wenye unga juu na uyoga chini

SWALI: Shikamoo mtaalamu. Nina mwaloni mkubwa alioupanda marehemu baba mkwe karibu na nyumba. Majani machanga yamepakaa unga mweupe, mengine yamejikunja. Shinani nako umeota uyoga wa rangi ya asali, fungu zima. Nimeshanunua salfa. Nipulize mara ngapi? – Mama Zawadi

JIBU: Marahaba, Mama Zawadi. Usipulize hata mara moja. Unga huo ni ubwiri unga, na hupenda majani machanga, hasa yanayochipua upya baada ya viwavi kumaliza ya kwanza. Mche mdogo unaweza kudumaa, na hapo salfa ina kazi. Mti mkubwa huustahimili mwaka hadi mwaka. Na hata ungetaka, huko kileleni utafikaje?

Mimi nauogopa huo uyoga. Chukua kisu kikali, bandua kipande kidogo cha gome karibu na ardhi, upande ulikoota. Ukikuta utando mweupe umelala kati ya gome na mbao, unanuka uyoga hasa, na pengine nyuzi nyeusi mfano wa kamba za viatu, basi ni amilaria. Kuvu hii huozesha mizizi kimyakimya huku majani yakiwa bado ya kijani, ndiyo maana watu hushtukia mti umelala chini. Dawa ya kuiponya haipo. Atakayekuuzia anataka hela yako tu.

Ondoa udongo au takataka zilizorundikwa shinani, na maji yasituame hapo. Kwa kuwa mti uko karibu na nyumba, mwite fundi wa miti aupime uozo kabla hujaamua kuukata. Ukikatwa, kisiki na mizizi ving'olewe, maana kuvu huendelea kuishi humo kwa miaka na kutambaa hadi miti ya jirani. Unaweza kuizuia kwa plastiki nzito iliyosimamishwa ardhini kina cha sentimita 45.

Kuna pia mnyauko wa mialoni ulioko Marekani, unaoua mialoni myekundu kwa wiki chache, lakini huo hukausha majani kuanzia kingoni na kuyapukutisha. Dalili zako si hizo.

Ukiona ardhi imepasuka upande mmoja wa shina au mti umeanza kuinama, usisubiri toleo lijalo. Waondoe watoto chini yake, umwite fundi siku hiyohiyo.