Ukitaka Kutembezwa Vitamu vya Mji Mkongwe, Uliza Saa Kwanza

Wageni wanaokuja Unguja siku hizi hawatosheki na shamba la viungo na safari ya Changuu kuwaona kobe. Wanataka kutembezwa kwa miguu vichochoroni, waonjeshwe halua, kashata, visheti na kaimati, huku wakihadithiwa habari za mji. Nimeyafanya matembezi haya mara nyingi, mara nyingine nikiwa nyuma ya mwongozaji pamoja na watalii, mara nyingine nikiwatembeza mwenyewe ndugu zangu wa Dar na Tanga, na kila likizo ikikaribia naulizwa duka lipi ni zuri. Huwa naanza kwa kumuuliza mtu: umepanga kutoka saa ngapi?

Vitamu vya Mji Mkongwe vina saa zake. Vingi hupikwa majumbani, na wanawake ambao hawana kibao wala duka. Vinauzwa mlangoni, au vinapelekwa kwenye duka la jirani ndani ya beseni lililofunikwa, vikiisha vimeisha. Vitumbua na mkate wa kumimina ni vya asubuhi, pamoja na chai. Ukivitafuta saa nane mchana utapewa vilivyobaki, vimepoa na mafuta yameganda. Kaimati huanza kuonekana alasiri na kushika kasi kuelekea sala ya Magharibi. Kashata haina saa, yenyewe inafuata kahawa popote kahawa ilipo. Forodhani, bustani ya kando ya bahari inayouza vyakula usiku, haina maana kabla jua halijazama, kwa sababu meza zenyewe zinakuwa bado hazijapangwa.

Sasa tazama ziara nyingi zinavyouzwa. Mgeni anachukuliwa hotelini saa nne au saa tano asubuhi, baada ya kifungua kinywa. Kwa shughuli hii hakuna saa mbaya kuliko hiyo. Jua liko utosini, vitumbua vimekwisha, kaimati hazijakandwa unga, na tumbo lako limejaa mayai na mkate wa hoteli. Mwongozaji hana pa kukupeleka ila kwenye mgahawa wenye kiyoyozi, ukaletewe keki ya chokoleti ambayo ungeipata Nairobi au London. Keki yenyewe huwa haina ubaya, ila hukupanda boti kwa ajili yake.

Kwa hiyo chagua moja kati ya mawili. Ama uamke mapema, saa kumi na mbili na nusu uwe barabarani, umalize saa tatu. Ama utoke baada ya sala ya Alasiri na umalizie usiku. Mimi napenda alasiri. Jua limelainika, wazee wamekaa barazani, watoto wanatoka chuo cha Kurani, na nyumba unazopita zinanuka iliki.

Kuhusu mwongozaji. Ukishuka bandarini Malindi utapokewa na mapapasi, yaani vijana wanaowavizia wageni kwa kujifanya waongozaji, na baadhi yao ni watu wa maneno matamu kuliko halua yenyewe. Mwongozaji halali ana kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii, na hachukii ukiomba kukiona. Hilo ni la msingi, lakini halitoshi, maana kuna wenye vitambulisho wanaojua historia ya kila mlango wa nakshi na hawajui vileja, zile biskuti za unga wa mchele, vinauzwa wapi. Mimi huwauliza swali moja: mtaani kwenu nani anapika vibibi, vile vichapati vya mchele na nazi, vizuri? Anayejua hajibu haraka. Anafikiri, anataja mtu, anajirekebisha, anasema yule wa kwanza alikuwa mzuri zaidi ila siku hizi anaumwa miguu. Asiyejua anakutajia hoteli.

Muulize pia kama bei aliyosema inajumuisha vya kuonja, au ni ya kutembezwa tu na utalipia kila mnachokula. Hapa ndipo ugomvi unapoanzia. Na ujue kuwa maduka mengi ya zawadi humpa mwongozaji kamisheni. Sina tatizo na mtu kupata riziki yake, lakini kama umelipia saa tatu za vitamu, usikubali saa moja nzima iende kwenye vinyago na picha za Kimasai. Mwambie mapema, kwa heshima. Wengi wanaelewa.

Kikundi kisizidi watu sita. Vichochoro vya huko vingine ni vya kupishana kwa bega, na pikipiki inapita humo humo. Zaidi ya hapo, mama aliyekaa mlangoni na beseni lake la visheti akiona watu kumi na tano wenye kamera wanamjia, atafunika na kuingia ndani, na haki yake. Anza na salamu. "Assalamu alaykum", au "Shikamoo, bi mkubwa", subiri ujibiwe, kisha uliza kuna nini leo. Picha iombwe, na ukikataliwa usipige kwa kuificha simu. Vaa nguo ya kufunika mabega na magoti. Beba noti ndogo ndogo, za elfu moja na elfu mbili, kwa sababu mlangoni hakuna chenji ya dola.

Njia yangu huanzia Darajani, kwenye soko lililojengwa mwaka 1904. Hapo si pa kula sana. Ni pa kuona vitu kabla havijapikwa: iliki, kungumanga, tende, nazi, sukari ya magunia. Nunua ubuyu, zile mbegu zilizopakwa sukari na rangi nyekundu. Uweke mkononi kwa baadaye, utakufaa, nitaeleza. Mwongozaji mzuri atakusimulia hapo habari ya karafuu, kwamba ndiyo iliyoutajirisha mji huu tangu enzi za Seyyid Said, na kwamba kimbunga cha mwaka 1872 kiliangusha mikarafuu mingi ya Unguja, ndipo Pemba ikawa ndiyo kisiwa cha karafuu hadi leo. Kinachonifurahisha ni kwamba katika vitamu vyenyewe karafuu huikuti sana. Iliki ndiyo inayotawala. Karafuu ilikuwa ya kuuzwa nje, iliki ikabaki jikoni.

Kutoka hapo mnapita Mkunazini, na hapo nina ombi. Kanisa kuu la Anglikana lilijengwa palipokuwa na soko la watumwa, lililofungwa mwaka 1873. Funika kashata yako, itie mfukoni. Mashamba ya mikarafuu yalilimwa na watumwa, na sehemu kubwa ya utajiri wa nyumba za ghorofa unazozipiga picha ilitoka huko. Nimewahi kuona kikundi kizima kikitafuna mbele ya sanamu za watu waliofungwa minyororo, mwongozaji wao akitazama saa. Tembelea mahali hapo siku nyingine kwa utulivu, au pita bila kula.

Sasa halua, ambayo ndiyo kiini cha matembezi yote. Watu wanaila miaka na miaka bila kuiona ikipikwa, na ukipata mwongozaji mwenye fundi anayemfahamu, omba mkaone hata kwa robo saa. Sufuria ni pana na nzito, mwiko ni mrefu kama kasia, na fundi anausukuma kwa mwili mzima, wala si kwa mkono. Ndani yake kuna wanga uliokorogwa kwa maji, sukari na samli. Mwanzoni ni uji mweupe mwepesi usiovutia hata kidogo. Moto unavyokwenda, unaanza kung'aa, halafu unazidi kuwa mzito mpaka mapovu yanapanda polepole na kupasuka kwa mlio wa "bwata, bwata". Samli inaongezwa kidogo kidogo, inamezwa, inaongezwa tena. Fundi hawezi kuacha kukoroga hata kujibu simu, maana ikishika chini imekwisha, harufu ya kuungua inaingia yote. Kazi hiyo ni ya saa kadhaa. Iliki, kungumanga, zafarani na lozi au korosho huja mwishoni. Utajua imeiva ikianza kuachia sufuria, mwiko ukipita inasogea yote kwa pamoja na samli inameta kandokando.

Ukionjeshwa, usitafune. Weka kipande kidogo ulimini, uache kiyeyuke. Halua nzuri haigandi menoni na haiachi ladha ya wanga mbichi. Na usiile bila kahawa. Wenyeji hawaili hivyo, na sababu utaiona ukijaribu: utamu wake peke yake unachosha baada ya vipande viwili, ila kahawa chungu isiyo na sukari inakusafisha kinywa unatamani kingine. Halua ya Pemba, hasa ya Wete, ina sifa kubwa, na baadhi ya wauzaji wa mjini watakwambia yao imetoka huko. Waombe uonje kwanza, ubishi uishe.

Kwa kahawa tunakwenda Jaws Corner, njiapanda maarufu ya wanaume wa barazani. Muuzaji ana dele lake la kahawa juu ya makaa na vikombe vidogo ndani ya ndoo ya maji. Unakaa, unachukua kikombe na kipande cha kashata, ya nazi au ya njugu, unasikiliza. Hapo huzungumzwa mpira na siasa, dhumna zikigongwa mezani. Wageni wa kike wanaogopa kukaa kwa kuwa wanaona wanaume peke yao. Wakiwa na mwongozaji anayefahamika pale, wanapewa nafasi bila neno. Usiharakishe mahali hapa. Ziara nyingi zinapita dakika tano, wakati ni hapa ambapo mtu anaweza kumuuliza mzee yeyote, "Ami, zamani hapa mlikuwa mnakula nini?" na akapata jibu ambalo mwongozaji hana.

Njiani kuelekea Shangani mtapita maduka yenye vitamu vya Kihindi: ladu, jalebi, gulabjamu, labania. Viingie kwenye orodha, kwa sababu ni vya hapa pia. Mji huu ulijengwa na watu waliokuja na pepo za kaskazi na kurudi na kusi, na kila mmoja aliacha kitu chunguni. Ila ujihadhari na wingi. Hapo ndipo watu wengi hushindwa, tumbo linajaa sukari na kichwa kinaanza kuuma.

Dawa yake ni mpangilio. Anza na vikavu: kashata, visheti, vileja. Fuata na vizito: halua, labania. Vyenye shira viache mwisho. Kila kitu kigawanywe, kipande kimoja kwa watu wawili au watatu, asikudanganye mtu kwamba ni uchoyo. Katikati kula kitu cha chumvi, sambusa moja au mhogo wa kuchoma. Na ule ubuyu wa Darajani sasa utoe: uchachu wake unarudisha hamu, ingawa ulimi utabaki mwekundu. Beba maji. Mwenye sukari au anayedhurika na njugu na lozi amwambie mwongozaji kabla ya kutoka hotelini, maana lozi na korosho huingia mahali usipotazamia, na mafuta ya kukaangia hayabadilishwi kwa ajili ya mtu mmoja.

Kaimati zina sharti moja tu, ziliwe hapo hapo zinapotoka. Mpishi anachota unga uliochacha kwa mkono wa kushoto, anaukamua utokeze juu ya ngumi, anaukata kwa kijiko na kuudondosha kwenye mafuta. Zinajigeuza zenyewe. Zikishaiva zinatumbukizwa kwenye shira ya iliki. Ukiuma ya moto, ganda linavunjika na ndani ni laini. Ukisubiri nusu saa, ganda limelegea, unakula sifongo. Wanaozifungasha kupeleka hotelini wanajidhulumu.

Mnamalizia Forodhani, mbele ya Beit al-Ajaib ya Sultani Barghash, iliyojengwa mwaka 1883 na ambayo sehemu yake iliporomoka Desemba 2020. Kunyweni juisi ya miwa yenye tangawizi na ndimu. Ile piza ya Zanzibar ya ndizi na chokoleti ni kitu cha watalii, na wazee wanaicheka, lakini siwezi kusema si tamu. Gawaneni moja. Uliza bei kabla muuzaji hajapiga unga, kwa sababu bei ya hapo hutegemea lafudhi ya anayeuliza.

Ukija Ramadhani, sahau mchana kabisa. Kula hadharani kabla ya futari kunaweza kukuingiza matatani, na hata kama hakuna atakayekugusa, ni ukosefu wa adabu. Lakini usiku wake ndio bora kwa mwaka mzima: tambi za sukari, vibibi, kaimati, mkate wa kumimina, vyote vinatoka kwa wakati mmoja na milango iko wazi hadi usiku mkubwa. Afanyaye ziara hiyo aanze baada ya tarawehe, watu wakiwa wametulia.

Ya kubeba nyumbani nunua mwishoni kabisa, usizunguke nayo juani. Njoo na kopo lako lenye mfuniko, maana mifuko ya plastiki imepigwa marufuku Zanzibar tangu mwaka 2006. Halua haihitaji friji, kwanza ikiingia humo samli inaganda na inakuwa ngumu, iache kabatini na italika kwa wiki kadhaa. Kwa ndege itie kwenye begi la kupakiwa. Na kama siku pekee uliyonayo ni Ijumaa, usipange chochote kati ya saa sita na saa nane mchana, maduka mengi hufungwa kwa ajili ya sala. Lala kidogo, utoke alasiri.