Jibu: Kiti cha Nairobi cha 1957 kilienda wapi?

Ndugu, umeuliza kwa nini vitabu vinasema Tom Mboya, kiongozi wa vyama vya wafanyakazi wa Kenya, alikuwa mbunge wa "Nairobi Area" ilhali leo jimbo hilo halipo. Halikudumu, ndiyo maana. Lilipigiwa kura Machi 1957, Waafrika walipochagua wajumbe wao wa Baraza la Kutunga Sheria kwa mara ya kwanza, na kufikia 1961 lilikuwa limekwisha.

Vilikuwa viti vinane tu nchi nzima, na mji mzima wa Nairobi ukapewa kimoja. Mboya alipata kura 2,138, Argwings-Kodhek, wakili, akapata 1,746. Lakini usihesabu hizo kama vichwa! Mtu mmoja aliweza kupewa hadi kura tatu, kutegemea elimu, kipato, mali, umri na kadhalika. Karani mwenye cheti na mshahara mzuri alimzidi kuli wa Shauri Moyo, mtaa wa Nairobi, mara tatu. Tena, kwa sababu ya vita vya Mau Mau, Mkikuyu hakuandikishwa bila cheti cha uaminifu kwa serikali, kwa hiyo wengi walibaki nje. Kwangu mimi hilo ndilo lililoamua sura ya uchaguzi ule kuliko hotuba zote.

Baada ya mkutano wa katiba ya Kenya wa 1960 kule Lancaster House, London, mipaka ilichorwa upya. Mwaka 1961 Mboya aligombea Nairobi Mashariki, alama yake ya kura ndege (eropleni), akazoa kura 31,407 dhidi ya 2,668 za Dkt. Munyua Waiyaki. Na wapiga kura wengi pale walikuwa Wakikuyu kama Waiyaki, ilhali Mboya alikuwa Mjaluo.